Waliobaki Ndani Nyumba za Wami Zilipoanguka

Huku Lubondja hatujawahi kuwa na mfalme. Wazee wa Kibembe walipanda ngazi za chama cha Bwami moja baada ya nyingine, kwa mali, kwa subira na kwa mwenendo mwema, na hakuna mtoto aliyezaliwa akiwa na cheo hicho mkononi. Mtu anayekulia kwenye barabara hii ya kutoka Fizi kwenda Lulimba angeweza kudhani kwamba ikulu, ngoma takatifu na malkia ni mambo ya wenyewe huko ng'ambo.

Sivyo ilivyokuwa. Falme za Rwanda na Burundi zilipoyumba, kila mara sehemu ya kishindo ilitua upande wetu wa maji. Mwami Kigeri IV Rwabugiri alifariki mwaka 1895 katika Ziwa Kivu, akiwa safarini kuipiga Bushi. Mwanawe Yuhi V Musinga, aliyevuliwa ufalme na Wabelgiji, alipelekwa mwaka 1940 hadi Moba, kwenye ziwa hili hili la Tanganyika, kusini ya Kalemie, na huko akafa mwaka 1944. Mwaka 1965 Che Guevara na Wacuba wake walipokuja kupigana katika milima ya Fizi, walikuwa upande mmoja na wakimbizi wa Kinyarwanda waliofukuzwa na mapinduzi yaliyoung'oa ufalme wa kwao. Katika kumbukumbu zake za vita jina la kijiji chetu limo, limeandikwa Lubonja. Mwaka uliofuata mwami kijana wa Burundi, Ntare V, alipinduliwa akiwa ugenini mjini Kinshasa. Na alipouawa mwaka 1972, Burundi iliwaka moto, familia nzima nzima zikavuka kuja Uvira na Fizi.

Habari hizi nimezisikia tangu utotoni, na nimezisoma kila nilipopata kitabu. Kinachonichoma ni jinsi wanawake wanavyoingizwa ndani yake. Mwami ana jina, ana namba, ana mwaka wa kutawazwa na mwaka wa kufa. Mama yake na mkewe huitwa simulizini pale tu anapotafutwa mtu wa kubebeshwa lawama. Nyumba ile iliharibiwa na mwanamke, watu husema, na mazungumzo yanaishia hapo. Nimeyafuatilia maneno hayo kwa miaka, na leo nayakataa wazi. Nyumba zile ziliangushwa na majeshi, magavana, maaskofu na wanasiasa, karibu wote wanaume. Wanawake ndio waliobaki ndani wakati dari inaporomoka.

Tuanze na yule aliyelaumiwa kuliko wote, maana kumtetea mtu asiye na doa ni kazi rahisi, na huyu doa analo.

Kanjogera alikuwa binti wa ukoo wa Abega na mke wa Rwabugiri. Rwanda ya wakati ule haikutawaliwa na mtu mmoja. Mwami alitawala pamoja na mama yake, umugabekazi, ambaye alipewa jina la utawala linalokwenda na la mwanawe, akawa na makazi yake, ng'ombe wake, majeshi yake na watumishi wake. Mwami aliyefiwa na mama alitafutiwa mwanamke mwingine wa kuishika nafasi hiyo. Ndivyo alivyofanya Rwabugiri: alimteua mwanawe Rutarindwa kuwa mrithi, na kwa kuwa mama mzazi wa kijana huyo alikuwa amekufa, akampa Kanjogera awe mama yake wa kifalme. Kanjogera naye alikuwa na mtoto wake wa kumzaa, Musinga. Mtu yeyote aliyekulia katika nyumba ya wake wengi ataiona hatari ya mpango huo bila kuonyeshwa. Rwabugiri mwenyewe aliiona, ndiyo maana aliwaweka watu wake waaminifu wamlinde Rutarindwa.

Mwaka 1896 mmoja wa walinzi hao wakubwa, Bisangwa, aliuawa Shangi, kando ya Ziwa Kivu, katika mapigano na kikosi cha Dola Huru ya Kongo. Mikuki ilikutana na bunduki, na bunduki zilitoka upande wetu. Kabla ya mwaka kwisha, ndugu wa Kanjogera, Kabare na Ruhinankiko, walimvamia Rutarindwa mahali panapoitwa Rucunshu. Mwami alipoona vita vimemshinda alijifungia ndani ya nyumba akajiteketeza kwa moto, yeye na mkewe na watoto. Inasimuliwa kwamba watu walipopiga kelele kuwa Kalinga, ngoma ya ufalme, inaungua, Kabare alimwinua Musinga juu ili wamwone, akawaambia mwami yupo, ngoma itachongwa nyingine.

Kanjogera akawa Nyirayuhi V, mama wa Yuhi V. Siwezi kumsafisha. Watu wa Rutarindwa waliwindwa na kuuawa, na masimulizi yanamtaja Kanjogera pamoja na upanga wake, Ruhuga, kama wengine wanavyotajwa pamoja na fimbo zao za utawala. Ila nataka msomaji apime jambo moja. Rwabugiri aliua watu wengi zaidi, katika vita vilivyoanzia Ndorwa hadi Bushi, na anaitwa shujaa mwenye kupanua nchi. Mama aliyepigania kiti cha mwanawe anaitwa jini. Mizani hiyo imeinama, na mkono ulioiinamisha unajulikana.

Halafu tazama alichokabidhiwa. Mwaka 1897, hata majivu ya Rucunshu hayajapoa vizuri, Kapteni Ramsay wa Kijerumani alifika na bendera. Mwaka 1900 wakaja Mapadri Weupe. Ikulu iliwaogopa wageni hao kiasi kwamba Wazungu wa mwanzo walionyeshwa mtu mwingine, Mpamarugamba, wakidhani ndiye mwami. Mwaka 1907 Richard Kandt alifanywa mkazi wa Kijerumani. Mwaka 1916 Wajerumani wakaondoka na Wabelgiji wakaingia. Kanjogera aliwapokea wote hao akiwa nyuma ya mwanawe, akishauri, akizuia, akichelewesha, akijaribu kuwatumia wageni dhidi ya maadui zake wa nyumbani. Ni siasa za mtu aliyezungukwa, na kwa muda mrefu zilimfanikia.

Wabelgiji waliumenya ufalme ule kama kitunguu, ganda baada ya ganda. Mwaka 1917 walimnyang'anya Musinga mamlaka ya kutoa hukumu ya kifo na kumlazimisha atangaze uhuru wa dini. Mwaka 1925 umuganura, sherehe ya malimbuko ya mtama ambayo ndiyo iliyomfunga mwami na ardhi yake, ilikomeshwa, na Gashamura, mkuu wa watunza siri za ufalme, akahamishiwa Burundi. Kilichobaki kilikuwa jina na ua mkubwa wa Nyanza. Musinga aligoma kubatizwa. Askofu Léon Classe na watawala wa Kibelgiji walikuwa wamekwisha kumchoka, na tarehe 12 Novemba 1931 Gavana Charles Voisin alimtangazia kwamba si mwami tena. Siku nne baadaye mwanawe Rudahigwa, mtu wa kizazi cha shule, alitawazwa kwa jina la Mutara III.

Musinga alipelekwa Kamembe, kwenye ncha ya kusini ya Ziwa Kivu, mahali ambapo mtu akitazama ng'ambo anaiona Bukavu. Kanjogera alikwenda naye. Alikuwa ameshika umama wa ufalme kwa miaka 35, sasa ni bibi kizee anayehamishwa na watoto, wajukuu na wakwe, wakati mjukuu wake mwenyewe amekaa kwenye kiti chini ya bendera ya watu waliomtoa. Alifariki huko huko Kamembe mwaka 1933. Hakufika Moba. Safari ile ya pili ya mwanawe, ya kuja kuzikwa Kongo, hakuiona.

Zaidi ya miaka 50 baadaye jina lake lilikuwa bado linafanya kazi. Wapinzani wa Rais Habyarimana walipotaka kumchoma mkewe, Agathe, kwa kuingilia mambo ya utawala, walimwita Kanjogera. Hawakuhitaji kueleza zaidi.

Rwabugiri aliacha pia mwanamke mwingine ambaye habari zake hazisimuliwi vya kutosha upande wetu. Muhumusa alijitambulisha kuwa mjane wa mwami huyo na kudai kwamba mwanawe ndiye mrithi halali, aliyedhulumiwa na watu wa Rucunshu. Alikimbilia kaskazini, katika milima ya mpaka wa Rwanda na Uganda ya leo, akajitangaza kuwa na nguvu za roho Nyabingi, na watu wakamfuata kwa maelfu. Hebu fikiria hali yake: hana jeshi, hana bunduki, ana mtoto na dai lake tu. Wajerumani walimkamata wakamweka Bukoba kwa muda. Aliporudi milimani, akataka kuwafukuza Wazungu. Mwezi Septemba 1911 Waingereza walimshambulia, akajeruhiwa mguu, wakamkamata. Walimpeleka Kampala, na kwa miaka zaidi ya 30 hawakumruhusu kurudi kwao. Alifia huko mwaka 1945. Ndungutse, aliyeendeleza uasi kwa madai hayo hayo ya damu ya kifalme, alishindwa na Wajerumani mwaka 1912.

Kanjogera na Muhumusa, kwa maelezo ya Muhumusa mwenyewe, walikuwa wake wa mume mmoja, na walikuwa maadui wa kufa na kupona. Mmoja alikuwa ndani ya ikulu, mwingine porini. Wote wawili waliishia kushikiliwa na serikali za kikoloni, mbali na makwao, miaka 12 baina ya vifo vyao.

Hapa naomba msomaji anifuate mbali kidogo, hadi Urusi, kwa sababu tarehe zinaoana kwa namna ya kushangaza. Mwaka ule ule wa Rucunshu, 1896, Nicholas II alitawazwa mjini Moscow, na katika msongamano wa uwanja wa Khodynka watu zaidi ya 1,300 walikanyagwa wakafa. Mkewe Alexandra, binti wa Hesse huko Ujerumani na mjukuu wa Malkia Victoria wa Uingereza, alikuwa mgeni katika nchi ile kama wake wengi wa wafalme walivyo wageni. Alizaa mabinti wanne, Olga, Tatiana, Maria na Anastasia, na kila aliyezaliwa aliipa ikulu huzuni, maana kiti kilimtaka mtoto wa kiume. Alexei alipopatikana mwaka 1904 alikuwa na ugonjwa wa damu isiyoganda, na ugonjwa huo ulimfikia kupitia ukoo wa mama yake. Mama anayemwona mtoto akilia usiku kucha kwa maumivu atamsikiliza yeyote anayemwambia anaweza kumtuliza, na Alexandra alimsikiliza Rasputin. Mwaka 1915 Nicholas alikwenda kuongoza jeshi vitani, akamwachia mkewe sehemu kubwa ya mambo ya serikali. Watu walikuwa na njaa na mamilioni ya vijana walikuwa wanakufa katika vita vilivyoamuliwa na wanaume, lakini mitaani lililosemwa ni yule Mjerumani, yule mwanamke wa Rasputin.

Nyumba ya Romanov, iliyotawala tangu 1613, ilianguka Machi 1917. Usiku wa kuamkia tarehe 17 Julai 1918, katika chumba cha chini cha nyumba ya Ipatiev mjini Yekaterinburg, walipigwa risasi wote: baba, mama, mabinti wanne, mvulana na watumishi wao. Siku iliyofuata Elizabeth, dada wa Alexandra, aliyekuwa amejiunga na utawa baada ya mumewe kuuawa kwa bomu mwaka 1905, alitupwa shimoni huko Alapayevsk. Maria Feodorovna, mama wa mfalme, aliondoka Crimea kwa manowari ya Kiingereza mwaka 1919 na kufa Denmark, alikozaliwa, mwaka 1928. Mabinti wale wanne hawakuwa wamesaini amri yoyote wala kumhukumu mtu. Mkubwa alikuwa na miaka 22, mdogo 17. Kosa lao lilikuwa nyumba waliyozaliwa.

Huo mwaka 1917, Nicholas alipoanguka na Musinga alipong'olewa meno na Wabelgiji, Burundi nayo ilimpoteza mwanamke wake mwenye nguvu kuliko wote wa zama zile. Ririkumutima alikuwa mke wa Mwami Mwezi Gisabo, yule aliyewachosha Wajerumani kwa miaka. Baada ya Mwezi kufa mwaka 1908 alikuwa nguzo ya utawala wa Mutaga IV, na Mutaga alipokufa mwaka 1915 akiwa bado kijana, ni Ririkumutima na wakubwa wa ukoo waliomweka kitini Mwambutsa, mtoto wa miaka mitatu tu. Lawama anazobebeshwa zinafanana na za Kanjogera kama watoto pacha. Lakini alipofariki mwaka 1917, hakuna mama wa mwami wa Burundi aliyewahi tena kuwa na sauti kama yake. Wabelgiji walipendelea mwami mtoto na washauri waliowachagua wao.

Yaliyofuata Burundi wengi wetu tunayajua kwa upande wa wanaume. Mwanamfalme Louis Rwagasore, mtoto wa Mwambutsa na Thérèse Kanyonga, alipigwa risasi tarehe 13 Oktoba 1961 katika hoteli kando ya ziwa mjini Usumbura, wiki chache tu baada ya chama chake, Uprona, kushinda uchaguzi. Kila mwaka anakumbukwa kwa magwaride. Mkewe, Marie-Rose Ntamikevyo, hatajwi. Walizaa mabinti wawili, na wote wawili walikufa wachanga, hivi kwamba shujaa wa uhuru wa Burundi hakuacha mtoto. Mjane aliyefiwa na mume na watoto wote, wakati nchi inasherehekea uhuru, angestahili angalau aya moja katika vitabu vya shule.

Ufalme wenyewe ulimalizika kwa aibu ya baba na mwana. Julai 1966 Charles Ndizeye, kijana wa miaka 18, alimvua baba yake Mwambutsa, ambaye tayari alikuwa Ulaya, akatawazwa Septemba kama Ntare V. Tarehe 28 Novemba, mwami huyo akiwa amekwenda Kinshasa kwenye sherehe za mwaka mmoja wa utawala wa Mobutu, waziri mkuu wake Micombero alitangaza jamhuri. Machi 1972 Ntare alirudishwa Burundi kutoka Uganda ya Idi Amin, na tarehe 29 Aprili akauawa Gitega. Siku hiyo hiyo uasi ulilipuka Rumonge na Nyanza-Lac, ng'ambo ya Fizi, na kisasi cha serikali kikaua watu wasiopungua 100,000 kwa makadirio ya chini. Mwambutsa alifia Uswisi mwaka 1977. Burundi ilipotaka mabaki yake yarudishwe, yalifukuliwa mwaka 2012, na baada ya kesi ya miaka kadhaa mahakama za Uswisi zikaamua abaki huko kama alivyoagiza mwenyewe. Binti wa ukoo huo aliyefanikiwa kujitengenezea maisha mengine ni Esther Kamatari. Baba yake, Ignace, ndugu wa mwami, aliuawa mwaka 1964. Esther alikwenda Paris mwaka 1970, akawa mmoja wa wanamitindo wa kwanza Waafrika huko, na baadaye akarudi kwa sauti kubwa kutaka urais wa nchi ile ile iliyomuua baba yake.

Narudi Rwanda, kwa sababu mwanamke ninayemheshimu kuliko wote hawa aliishi huko.

Rosalie Gicanda alizaliwa mwaka 1928. Mutara Rudahigwa alikuwa ameachana na mke wake wa kwanza, Nyiramakomali, aliyeishi naye miaka minane bila mtoto, na Januari 1942 akafunga ndoa ya Kikristo na Gicanda, aliyekuwa msichana wa miaka 13 au 14. Mwaka uliofuata Rudahigwa alibatizwa pamoja na mama yake, Kankazi, aliyepewa jina la Radegonde. Kankazi alikuwa umugabekazi kwa jina, Nyiramavugo III, lakini kazi aliyoifanya Kanjogera haikuwapo tena. Wabelgiji walitaka malkia wa picha: anayepiga magoti kanisani, anayesimama pembeni ya mumewe na kofia kichwani. Gicanda alisimama hivyo kwa miaka 17. Naye hakupata mtoto. Katika nyumba ya kifalme hilo lilikuwa jambo la taifa, na mzigo wake uliwekwa mgongoni kwa wanawake wawili mfululizo.

Tarehe 25 Julai 1959 Rudahigwa alifariki ghafla mjini Usumbura baada ya kuchomwa sindano na daktari Mbelgiji. Kankazi hakukubali mwili wa mwanawe upasuliwe, na mpaka leo watu wanabishana juu ya kifo kile. Siku tatu baadaye, makaburini Mwima, ndugu yake wa kambo Ndahindurwa alitangazwa Kigeli V. Novemba mapinduzi yakaanza. Septemba 1961 wananchi walipiga kura kuukataa ufalme. Kigeli alikwishatoka nchini, na maisha yake yaliyobaki yalikuwa Tanganyika, Kenya, Uganda, kisha Marekani, ambako alifariki Oktoba 2016.

Gicanda hakuondoka. Alikuwa na miaka 31 alipofiwa, hana mtoto wa kumpigania, hana cheo, na jina lake peke yake lilikuwa hatari. Serikali ya Rais Kayibanda ilimtoa Nyanza na kumhamishia Butare, akaishi huko miaka 30 na mama yake na wanawake wachache waliomsaidia. Alikwenda misani, alipokea wageni. Jamhuri mbili zilipita na yeye yupo. Hakuandika kitabu cha kumbukumbu, hakuanzisha chama, hakumdai mtu kiti. Wapo wanaosema kwamba mtu wa namna hiyo hana historia. Mimi naona kubaki kwake katika nchi iliyomtangazia kwamba watu wa aina yake si wa nchi hiyo ni tendo kubwa kuliko mengi yaliyojengewa sanamu.

Aprili 1994 mauaji ya kimbari yalipoanza, Butare ilijizuia kwa muda chini ya mkuu wa mkoa Jean-Baptiste Habyalimana. Tarehe 17 alifukuzwa kazi. Tarehe 19 rais wa muda, Théodore Sindikubwabo, alikuja kuhutubia akiwahimiza watu wa Butare waifanye kazi, yaani kuua. Kesho yake, tarehe 20 Aprili, askari walikwenda nyumbani kwa Gicanda, wakamchukua pamoja na wengine waliokuwa naye, wakawapiga risasi nyuma ya jumba la makumbusho. Alikuwa na miaka 66. Mama yake, kikongwe aliyekuwa hawezi kutoka kitandani, naye aliuawa siku chache baadaye. Kila aliyesikia mjini alielewa maana: kama hata bibi huyu ameuawa, hakuna atakayeachwa.

Afisa aliyetoa amri hiyo, Kapteni Ildéphonse Nizeyimana, alikamatwa Kampala mwaka 2009 akitokea Kongo. Mahakama ya Kimataifa ya Arusha ilimhukumu kifungo cha maisha mwaka 2012, na katika rufaa ya mwaka 2014 adhabu ikapunguzwa kuwa miaka 35. Kwa hiyo katika wanawake wote niliowataja, Gicanda ndiye ambaye mahakama ilikaa, ikawasikiliza mashahidi, ikataja saa na mahali, ikamtaja mwenye amri. Kanjogera alihukumiwa na porojo. Muhumusa alifungwa na watu waliokuwa wenyewe washtaki na mahakimu.

Na sisi wa Kivu Kusini tunalo letu, wala halihitaji kuvuka ziwa. Jirani na Fizi, katika wilaya ya Mwenga, upo uchifu wa Lwindi, na huko mwami ni mwami wa kweli wa damu. Tarehe 24 Agosti 1998 wanajeshi wa kundi la waasi la RCD na washirika wao wa Rwanda waliingia Kasika. Walimuua Mwami François Mubeza nyumbani kwake, pamoja na mkewe aliyekuwa mjamzito. Waliwaua padri na masista wa parokia. Ripoti ya Umoja wa Mataifa iliyotolewa mwaka 2010 inazungumzia zaidi ya watu 1,000 waliouawa katika vijiji vya Kilungutwe, Kalama na Kasika. Miezi minne baadaye ikawa zamu ya Makobola, hapa hapa Fizi.

Ripoti hiyo ipo, imeandikwa vizuri, na wanaoitaka haki, Daktari Denis Mukwege akiwa mbele yao, wameinyanyua mara nyingi mbele ya wakubwa wa dunia. Mahakama ya kimataifa kama ile ya Arusha haijaundwa kwa ajili ya Kongo. Wajane na yatima wa Kasika na wa Makobola wanaidai. Mashahidi wa 1998 waliokuwa na miaka 50 siku ile sasa wamepita 75, na kila mwaka unaopita bila kesi unaondoka na baadhi yao.